Leseni, Mahakama na Polisi: Kesi ya Tabora

Lusu ni kijiji cha wilaya ya Nzega, mkoani Tabora. Mwishoni mwa 1998 mgodi wa Golden Pride, uliomilikiwa na kampuni ya Resolute ya Australia, ulianza kutoa dhahabu huko, ukiwa wa kwanza kati ya migodi mikubwa ya wageni iliyozaliwa na mageuzi ya uchumi. Lakini anayetaka kujua jinsi leseni, mahakama na polisi vilivyokutana katika uchimbaji hana budi kurudi nyuma kidogo, hadi Mahakama Kuu, Tabora mjini.

Chanzo ni sheria. Sheria ya Madini ya 1979 iliyaweka madini yote mikononi mwa Serikali, hivyo mwenye shamba hakuwa na haki juu ya dhahabu iliyokuwa chini ya jembe lake. Hata hivyo, mwishoni mwa miaka ya 1980 Serikali ililegeza masharti, na kuanzia 1990 Benki Kuu ikanunua dhahabu bila kumuuliza muuzaji ameichimba wapi. Maelfu walimiminika machimboni. Mwenye duara, yaani shimo la kuchimbia, aligharamia chakula na magogo ya kuzuia kifusi. Vijana walishuka kwa kamba, mawe yakatwangwa, unga ukaoshwa, na zebaki ikaikamata dhahabu. Kazi ilikuwa wazi kwa kila jicho, ila karatasi haikuwapo.

Karatasi ilipatikana 1994, pale Kahama Mining Corporation, kampuni tanzu ya Sutton Resources ya Kanada, ilipopewa leseni ya Bulyanhulu, kaskazini mwa Nzega. Mwaka 1995 kampuni hiyo iliiomba Mahakama Kuu ya Tabora iamuru wachimbaji wadogo waondolewe. Ilikuwa njia sahihi: mwenye leseni hana jeshi lake, na polisi wanaposimamia uondoaji, kinachowapa uhalali ni amri ya mahakama. Kampuni haikuipata amri hiyo.

Mwishoni mwa Julai 1996 Serikali ikatumia njia nyingine. Waziri wa Nishati na Madini, William Shija, aliamuru wachimbaji waondoke. Wachimbaji nao walikwenda Tabora, na mwanzoni mwa Agosti wakapata zuio la mahakama. Uondoaji uliendelea hata hivyo, polisi wakiwapo, na maduara yakafukiwa.

Kuhusu yaliyotokea, wapo walioeleza kwamba watu zaidi ya 50 walifukiwa wakiwa hai. Serikali na kampuni zilikanusha, na ofisi ya Benki ya Dunia inayopokea malalamiko, katika ripoti ya 2002, haikuona ushahidi wa kuyathibitisha madai hayo. Kwa maoni yangu, ubishi juu ya vifo, ingawa ni mzito, umelifunika swali jingine zito: amri ya waziri ilipataje nguvu kuliko zuio la Mahakama Kuu? Wapo wanaojibu kwamba Serikali iliogopa kuwapoteza wawekezaji. Wengine husema usalama wa maduara ulikuwa mbaya kweli. Sababu zote mbili zina ukweli, lakini hata ya pili ilipaswa kuelezwa mbele ya jaji.

Sheria mpya ya 1998 iliweka leseni ndogo ya uchimbaji kwa Watanzania pekee, na hivyo mchimbaji mdogo naye akapata karatasi ya kupeleka mahakamani. Barrick ilinunua Sutton 1999, na Bulyanhulu ikaanza uzalishaji 2001.