Kibushi, Mkongo wa katuni

Ukitaja filamu za katuni mbele ya vijana wa rika langu, majina yatakayotoka ni ya Wajapani: Miyazaki na wenzake. Sina ugomvi, hata mimi nawapenda. Ila sisi wa Nyakitonto, huku Kasulu, tangu 1996 tuna majirani Wakongo katika kambi ya Nyarugusu, na sijamsikia mtu akimtaja Mkongo wa fani hiyo. Basi leo namleta: Jean-Michel Kibushi Ndjate Wooto.

Alizaliwa 1957 Lubefu, Kasai, akasomea sanaa za maigizo Kinshasa. Mwaka 1988, Totoro wa Miyazaki alipoingia kwenye majumba ya sinema Japani, Kibushi alikuwa anaanzisha studio yake, Malembe Maa. Kwa Kilingala malembe ni polepole, na jina halidanganyi! Sinema hupitisha picha 24 kwa sekunde. Miyazaki alikuwa na kundi kubwa la wachoraji. Huku kwetu unakata mtu wa karatasi, unamsogeza kidogo, unapiga picha, unamsogeza tena. Dakika moja ni picha 1,440. Hata ukitumia kila picha mara mbili, bado 720.

Mwaka 1991 akatoa filamu ya chura aliyekwenda ukweni, hadithi ya Watetela. Ungedhani angebaki kwenye ngano. Lakini Septemba mwaka huohuo wanajeshi wa Mobutu waliasi kwa ajili ya mishahara, Kinshasa ikaporwa. Kibushi akayasimulia hayo kwa michoro ya watoto, katika Kinshasa, septembre noir (1992).

Kwangu hiyo ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote, na namwonea wivu. Sisi waandishi wa habari, mji ukiporwa, tunamtafuta waziri, kamanda, mwenye duka. Mtoto aliyechungulia dirishani hatumuulizi, na akishakua anasahau. Vita iliyowaleta majirani zetu tumeiandika kwa majina ya majenerali, na watoto waliozaliwa Nyarugusu mwaka ule sasa ni wazazi. Nani aliwapa penseli?

Baadaye zikaja Muana Mboka (1999), ya mtoto wa mtaani Kinshasa anayemwokoa waziri kwenye ajali ya gari, na Prince Loseno (2004), ya vikaragosi. Hiyo ya mwisho bado naitafuta. Mwenye nakala anishtue.