Mkasi wa Nani? Sura ya Mtu wa Mashariki mwa Uganda katika Sinema

Kati ya 1935 na 1937, kutoka Vugiri katika milima ya Usambara, mradi wa Waingereza ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment ulitengeneza filamu 35 na kuzizungusha Tanganyika, Kenya, Uganda na kwingineko. Waigizaji walikuwa Waafrika, na maelezo yalirekodiwa kwenye santuri kwa Kiswahili, Kiganda na lugha nyingine. Nani awe mjinga na nani awe mwerevu, hilo waliamua wenye mradi. Kikaja Colonial Film Unit, kitengo cha filamu cha serikali kilichoundwa 1939. Mkuu wake, William Sellers, alishikilia kwamba Mwafrika asioneshwe picha zinazokatwa haraka, eti hatazifuata. Ugomvi wa nani akate na nini kibaki ukazaliwa hapo.

Jinja iliingia katika filamu za habari Aprili 1954, Malkia Elizabeth alipofungua bwawa la Owen Falls. Mwaka 1968 David na Judith MacDougall walipiga picha kwa Wajie wa Karamoja, kaskazini mwa Mbale. Filamu yao To Live with Herds (1972) iliwaacha wafugaji waseme kwa lugha yao, tafsiri ikipita chini ya picha. Sauti ilirudi kwa wenyewe. Mkasi ukabaki kwa wageni.

Kisha akaja Idi Amin, askari aliyepitia kambi ya Jinja, akataka vyote viwili. Mwaka 1974 alimruhusu mwongozaji Barbet Schroeder atengeneze filamu iliyoitwa picha ya Amin iliyochorwa na Amin mwenyewe. Alipanga matukio, akapiga hata kodiani. Toleo lililooneshwa Ulaya lilipomuudhi, aliwakusanya Wafaransa waliokuwa Uganda hotelini mpaka Schroeder akakubali kupunguza vipande. Amin alipoanguka 1979, vipande vikarudishwa.

Wanyonge walipata njia nyingine. Kama Dar es Salaam ilivyomzoea Lufufu, mtafsiri wake wa filamu, vibanda vya video vya Uganda viliwazoea ma-VJ, wasimulizi waliomwaga Kiganda juu ya filamu za Hollywood na Hong Kong, wakimtania shujaa na kumpachika jina jipya. Watazamaji walizifuata picha za kasi bila shida. Nadharia ya Sellers ikafia vibandani.

Mzaliwa wa Tororo, Dilman Dila, aliufikisha ugomvi huo ndani ya nafsi. Katika Her Broken Shadow (2017), mwandishi wa kike wa zama zijazo anamwandika mwandishi mwenzake, mpaka hujui nani kamwumba nani. Humo hakuna mgeni wa kulaumiwa: hata anayejisimulia mwenyewe huchagua, na anachokiacha kina uzito sawa na anachokionesha.

Leo, msimu wa imbalu, sherehe ya tohara, unapofika Mbale kila mwaka wa shufwa, simu zinazorekodi hazihesabiki. Picha zipo tele; wanaohitajika ni wahariri, waliofunzwa na kulipwa papo hapo Mbale na Jinja, ili uamuzi wa mwisho usiendelee kufanywa mbali.