Kutoka Vugiri hadi Samehe: Amandina Lihamba na Haki ya Mwanamke Kusema Jukwaani

Ukisimama Korogwe mjini ukaielekea milima ya Usambara, macho yako yatapita kwanza juu ya mkonge, kisha yatapanda mpaka kwenye misitu na ukungu. Huko juu ndiko iliko Vugiri. Wakazi wengi wa Korogwe, na ndugu zetu wa Handeni waliopakana nao, wanaifahamu kwa baridi yake. Wachache mno wanajua kwamba kati ya mwaka 1935 na 1937 kilima hicho kilikuwa makao makuu ya mojawapo ya majaribio ya kwanza ya kutengeneza filamu kwa ajili ya Waafrika wa sehemu hii ya bara. Mimi mwenyewe, niliyekulia wilaya hii, nililijua jambo hilo nikiwa mtu mzima, katika maktaba ya chuo kikuu, na nakiri kwamba niliona haya.

Ninaanza na Vugiri kwa sababu nataka kuzungumza juu ya maisha na kazi ya mwigizaji mmoja, Profesa Amandina Lihamba, na sidhani kwamba uzito wa alichokifanya unaonekana vizuri bila kujua sinema ilianzaje kwetu, na mwanamke alipewa nafasi gani ndani yake.

Jaribio lile liliitwa Bantu Educational Kinema Experiment. Liliendeshwa chini ya Baraza la Kimataifa la Wamisionari, na sehemu kubwa ya fedha zake ilitoka katika Shirika la Carnegie la New York. Mkuu wake wa shughuli za upigaji picha alikuwa Meja L. A. Notcutt. Bwana huyu aliwahi kusimamia mashamba ya mkonge hapa Afrika Mashariki, na mwaka 1926 akapata wazo kwamba sinema ya shambani ingesaidia kuwafanya vibarua waridhike. Msomaji na alitafakari hilo kidogo. Kabla sinema haijawa sanaa kwetu, na hata kabla haijawa elimu, ilifikiriwa kuwa dawa ya kumtuliza mkata mkonge. Mwenzake, G. C. Latham, alishughulikia upande wa elimu.

Filamu zilizotengenezwa zilikuwa 35, zote za mkanda wa milimita 16, na maneno yake yalirekodiwa pembeni katika santuri. Mada zake zilikuwa minyoo ya safura, malaria ya watoto wachanga, mmomonyoko wa udongo, kodi, kahawa, na benki ya akiba ya posta. Zilizungushwa kwa gari Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini. Mwaka 1937 serikali za kikoloni zilikataa kuubeba mzigo wa gharama, na jaribio likafa. Notcutt na Latham waliandika kitabu kuhusu kazi yao, nacho kikachapishwa mwaka huohuo. Majina yao yapo kwenye jalada.

Waigizaji wa filamu hizi walikuwa watu wa kawaida, si wenye taaluma. Huwezi kutengeneza filamu ya malaria ya watoto wachanga bila mama. Yupo basi mwanamke, pengine zaidi ya mmoja, aliyesimama mbele ya kamera miaka ya 1930 akaambiwa afanye hivi, asifanye vile, ambebe mtoto namna hii. Maneno yaliyosikika picha yake ilipoonyeshwa hayakuwa yake. Yalitoka kwenye santuri, na yalibadilishwa kufuata lugha ya watazamaji. Alikuwa na mwili tu. Lugha yetu haina neno la pekee la mwigizaji mwanamke. Tunasema mwigizaji, basi, na ukitaka kubainisha waongeza wa kike. Lakini yule mama sidhani kama hata neno hilo fupi alipewa.

Moja ya filamu hizo ilihusu mashamba ya wakulima wadogo Kingolwira, karibu na Morogoro, nayo ilipigwa mwaka 1936. Miaka minane baadaye, mwaka 1944, wilaya hiyohiyo ya Morogoro, alizaliwa Amandina Lihamba. Sitaki kuifanya sadfa hii iwe kubwa kuliko ilivyo. Lakini msichana yule alizaliwa katika nchi ambayo tayari ilikuwa imepigwa picha na kufundishwa namna ya kuishi, na alisoma katika shule ya misheni, tawi la mti uleule uliozaa sinema ya Vugiri.

Kabla ya kumfuata, tupite kwa haraka miaka ya 1950. Wakati huo filamu za Kiswahili zenye hadithi zilianza kupigwa Tanganyika, na nyota wake alikuwa kijana mtumishi wa serikali, Rashidi Mfaume Kawawa, aliyeigiza katika filamu kama Muhogo Mchungu. Januari 1962 Kawawa alikuwa Waziri Mkuu. Sisemi kwamba uigizaji ndio uliompandisha, maana alipanda kwa chama cha wafanyakazi na kwa TANU. Ila mwanamume aliyeigiza hakuchafuka kwa kuigiza, na uso wake ulipokuja kuonekana kwenye jukwaa la siasa ulikuwa tayari unafahamika. Je, mwanamke wa miaka hiyo angeweza kupita njia hiyo? Wazazi wangapi wa Handeni au Korogwe wangemruhusu binti yao? Wanawake wetu waliigiza siku zote: katika ngano za usiku, katika unyago, katika ngoma walikokuwa wao kwa wao wakimkejeli mume mlevi au jumbe mwonevu. Lakini hilo lilikuwa jukwaa la ndani. La nje halikuwa lao.

Lihamba alifika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam katika kizazi kilichoikuta taaluma ya sanaa za maonyesho ikiwa changa. Azimio la Arusha lilikuwa limetangazwa mwaka 1967, na sanaa nayo ilitakiwa kujenga ujamaa. Wazee wa Handeni, wilaya iliyokuwa miongoni mwa za mwanzo kujaribiwa mpango wa vijiji, watakumbuka ngonjera za miaka ile, ambapo mmoja anauliza kwa ujinga, mwingine anajibu kwa hekima, na mwishowe wote wanakubaliana na Chama. Ilikuwa sanaa yenye majibu tayari. Ukiondoa bendera na wimbo, tofauti yake na filamu ya Vugiri ni ndogo kuliko tunavyopenda kukiri. Yupo anayejua, na yupo anayefundishwa.

Hili ndilo swali ambalo Lihamba alilibeba kwa miongo mingi, jukwaani na darasani. Tasnifu yake ya uzamivu, aliyoimaliza katika Chuo Kikuu cha Leeds mwaka 1985, ilichunguza siasa na maigizo nchini Tanzania tangu Azimio hadi 1984. Hakungoja kuimaliza ndipo atunge. Mwaka 1980 ilitoka Hawala ya Fedha, tamthilia aliyoijenga juu ya kisa cha Sembène Ousmane wa Senegal, kuhusu mtu mnyonge anayeletewa hawala kutoka ng'ambo na kuishia kusumbuliwa na urasimu wa nchi yake iliyo huru. Mwaka 1982 yeye, Penina Muhando na Ndyanao Balisidya walichapisha pamoja Harakati za Ukombozi. Wanawake watatu kwenye jalada moja, na mada yao ni taifa zima, si jikoni. Baadaye ikaja Mkutano wa Pili wa Ndege, mwaka 1992. Alipanda vyeo vya chuo, akaongoza idara ya sanaa, lakini hakuacha kuigiza. Wapo wasomi wanaoacha jukwaa mara wanapopata kiti cha uprofesa, kana kwamba kuigiza ni kazi ya ujana.

Hatua kubwa zaidi, kwa maoni yangu, ilifanyika mbali na chuo. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Lihamba, Penina Mlama (yule Muhando) na Eberhard Chambulikazi walikwenda kijiji cha Malya, wilayani Kwimba. Hawakwenda na mchezo mkononi. Walikaa na wanakijiji wakauliza kinachowasumbua, na miongoni mwa majibu yaliyojitokeza ni mimba za wasichana wa shule. Wanakijiji wakatengeneza onyesho kwa ngoma na mbinu wanazozijua wenyewe, wakalionyesha, kisha wakajadiliana mbele ya wote. Linganisha na Vugiri. Huko santuri ilitoka nje na mwili ukatoka kijijini. Malya mwili na maneno vilikuwa vya watu wenyewe, na mtaalamu akabaki na kazi ngumu ya kunyamaza.

Katika miaka ya 1990 mbinu hiyo ilipelekwa shuleni na Lihamba na Mlama kwa jina lisilohitaji ufafanuzi: Tuseme. Wasichana wa sekondari hukutana, huyataja matatizo yanayowazuia kusoma, huyachambua, huyageuza kuwa igizo, na hulionyesha mbele ya walimu, wazazi na viongozi. Mpango huo baadaye ulichukuliwa na shirika la FAWE na kuenezwa katika nchi kadhaa za Afrika. Uchungu wake uko mahali pamoja ambapo wafadhili hawakupenda sana kupaandika. Mara nyingi tatizo linalotajwa na msichana lina jina, nalo limekaa mstari wa mbele likitazama. Linaweza kuwa mwalimu, mjomba, au dereva wa bodaboda anayemchukua kila asubuhi kwa sababu shule iko mbali.

Nisiifanye hadithi hii iwe nyeupe mno. Maigizo ya maendeleo yalitegemea fedha za nje, kama Vugiri ilivyotegemea Carnegie, na fedha zilipokwisha klabu nyingi zilibaki kuwa jina kwenye faili. Jambo jingine ni kwamba igizo humpa msichana nafasi ya kusema, lakini halimpi nguvu ya kutekelezewa. Mwezi Juni 2017 Rais Magufuli alitamka hadharani kwamba mwanafunzi aliyezaa hatarudi katika shule ya serikali, na nchi nzima ikatii mpaka Novemba 2021, Serikali ilipotangaza kuwaruhusu warudi. Miaka minne na zaidi. Wasichana waliofundishwa kusema walisema, na hawakusikilizwa.

Filamu za Lihamba zinahitaji makala yake peke yake. Alionekana katika Arusi ya Mariamu, ya mwaka 1985, iliyoongozwa na Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill, inayohusu ugonjwa, hospitali na uganga wa jadi, mada ambayo mtu wa Handeni hahitaji kuelezwa. Lakini kazi yake nitakayoikumbuka daima ni Maangamizi, filamu ya mwaka 2001 ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, filamu ya kwanza kupelekwa na Tanzania kushindania Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni. Ilichukua zaidi ya miaka 20 kabla nchi yetu haijapeleka nyingine, Vuta N'kuvute ya Amil Shivji, mwaka 2022.

Katika Maangamizi Lihamba anaigiza Samehe, mgonjwa katika hospitali ya akili ambaye hajasema neno kwa miaka 20, tangu utotoni aliposhuhudia mama yake akifa kwa moto. Daktari Mmarekani Mweusi, anayeigizwa na BarbaraO, anakuja na elimu yake ya kisasa na majeraha yake mwenyewe. Mzimu wa bibi, anayeigizwa na Mwanajuma Ali Hassan, unawaunganisha. Angalia Lihamba alivyopewa mtihani. Mwanamke aliyetumia maisha yake yote kuwafundisha wasichana kusema anatakiwa kuigiza bubu. Na anaweza. Mabega yake yanasema, shingo inasema, macho yanakataa kusema. Mara ya kwanza nilipoitazama nilimfikiria yule mama wa filamu ya malaria. Wote wawili hawana sauti, ila huyu amenyamaza kwa hiari yake, na watu wote waliomzunguka wanahangaika kutaka kujua anafikiri nini.

Siku hizi majina ya waigizaji wetu wa kike yanajulikana mpaka vijijini. Bongo Movie imefanya hivyo, na ni jambo jema. Kinachonisumbua ni kwamba tunazijua ndoa zao kuliko kazi zao, wakati tamthilia za Lihamba ni shida kuzipata hata katika maktaba za shule zetu. Mwaka 2007 alikuwa mmoja wa wahariri wa kitabu kikubwa cha maandishi na masimulizi ya wanawake wa Afrika Mashariki, kazi ya kuwakusanya wale ambao majina yao hayakuwekwa kwenye jalada. Sijakikuta katika shule yoyote niliyotembelea kwetu.

Miaka michache iliyopita nilialikwa kwenye mahafali ya shule moja katika wilaya hizi mbili, nisiitaje. Wasichana walikuwa wameandaa igizo, nami nilibahatika kuwaona wakifanya mazoezi siku iliyotangulia. Lilikuwa na sehemu ambapo mwanafunzi anamwendea mkuu wa shule kumshitaki mwalimu. Binti aliyecheza nafasi hiyo hakupaza sauti hata kidogo. Alisimama tu, akaling'ang'ania daftari lake, akasema maneno machache, na wenzake wote waliokuwa wakicheka wakatulia. Kesho yake mgeni rasmi alichelewa kwa saa tatu. Ngoma ilichezwa, risala ikasomwa, shairi la kumsifu mgeni likasomwa, igizo nalo likachezwa, lakini sehemu ile haikuwamo. Nilipomuuliza mwalimu wa zamu, alinijibu kwa heshima zote kwamba muda haukutosha. Binti nilimwona nyuma ya ukumbi akipanga viti, bado akiwa amevaa sare ya maigizo.