Ndoto Katika Filamu Fupi: Tusiishie kwa Buñuel

Wahakiki tukitaja ndoto katika filamu hukimbilia Ufaransa. Ni kweli, mwaka 1929 Luis Buñuel na Salvador Dalí walitengeneza Un Chien Andalou kutokana na ndoto zao wawili. Kisha mwaka 1943, huko Marekani, Maya Deren na mumewe Alexander Hammid wakatoa Meshes of the Afternoon: mwanamke analala kitini, anajikuta amekuwa watu kadhaa. Dakika kama 14 tu, lakini si mchezo.

Hebu tutazame kwetu. Mwaka 1985 Nangayoma Ng'oge na Ron Mulvihill walitoa filamu fupi, Arusi ya Mariamu. Mariamu anaugua, hospitali haijamfaa, mumewe anamshawishi aende kwa mganga. Yeye anaogopa, na hofu hiyo ina mizizi utotoni. Anayeiita filamu ya uganga basi, mimi namkatalia. Kwa Deren ndoto ni chumba cha mtu mmoja. Mariamu hawezi kulitoa la moyoni peke yake. Nyumbani Ubena ukiota vibaya huulizwi umejisikiaje. Unaulizwa umemwona nani.

Euphrase Kezilahabi alipochapisha Nagona mwaka 1990, uhakiki ulimtafutia wanafalsafa wa Ulaya. Mariamu, aliyemtangulia kwa miaka 5, hakuitwa. Mwaka 2001 Mulvihill, safari hii na Martin Mhando, alirudi na filamu ndefu, Maangamizi: Samehe, mgonjwa aliyenyamaza miaka mingi, anajiwa na bibi wa kale, na daktari kutoka Marekani ndiye anayelazimika kujifunza kusikiliza.