Programu ya Zamani ya Kupima Magari Kwenye Kompyuta Mpya

Magari mengi ninayopima hapa Manyatta, Kisumu, yalishukia bandari ya Mombasa: Probox, Wish, Noah. Kwa hivyo swali ninaloulizwa huku bila shaka mafundi wa Pwani wanalo pia: mbona programu iliyofanya kazi miaka yote inakataa kwenye kompyuta mpya?

Kifaa cha bei rahisi cha kuunganisha na simu kwa kawaida husoma makosa ya injini tu. Taa ya ABS au ya mifuko ya hewa ikiwaka, mara nyingi itahitajika programu ya kampuni yenyewe. Kwa Toyota ni Techstream, na wengi wetu huitumia kwa kebo ya Mini VCI. Bila hiyo fundi hubahatisha, na mwenye matatu hulipia vipuri vipya kumbe vya zamani havikuwa na ubovu.

Shida iko wapi? Windows ya biti 64 huendesha programu za biti 32, lakini haikubali draiva ya biti 32, na draiva ndiyo inayozungumza na kebo. Windows 11 haina toleo la biti 32 kabisa. Hata ukiiagiza iendeshe programu kama Windows 7, utakuwa umeisaidia programu, si draiva.

Njia ninazopendekeza ni mbili.

Kwanza, tenga kompyuta kuukuu yenye Windows 7 ya biti 32 kwa kazi ya magari pekee. Usiiunganishe na intaneti, maana Microsoft iliacha kuilinda Januari 2020.

Pili, tumia VirtualBox, programu ya bure inayotengeneza kompyuta ndani ya kompyuta. Ndani yake weka Windows 7 ya biti 32 yenye leseni, kisha draiva ya kebo, halafu Techstream. Chomeka kebo, na kwenye orodha ya vifaa vya USB vya VirtualBox ichague ili ihamie ndani. Zima mtandao wa humo. Kila kitu kikifanya kazi, hifadhi nakala. Siku ikiharibika utairudisha kwa dakika chache.

Tahadhari tatu. Programu zilizovunjwa kufuli mara nyingi hubeba virusi. Pata nakala halali. Usiweke picha au M-Pesa ya biashara kwenye kompyuta hiyo. La tatu ndilo kubwa: njia hizi ni za kusoma makosa na kuyafuta. Usiandike programu mpya kwenye kompyuta ya gari kwa kebo ya bandia au kupitia VirtualBox. Mawasiliano yakikatika katikati, au betri ikilegea, gari laweza kukataa kuwaka kabisa.

Na kabla ya kufuta kosa lolote, liandike kwenye daftari. Kosa likirudi, utajua pa kuanzia, na mteja ataona kwamba hukubahatisha.