Damu ya Mzee na Karafuu Mbili

Ikifika Desemba 18, Siku ya Taifa la Qatar, Abu Hamour yote huvikwa rangi ya damu ya mzee na nyeupe: magari, roshani, mpaka keki za dukani. Watoto wetu wanaosoma hapa wanayajua vizuri yale meno tisa ya bendera ya wenyeji. Lakini wakiuliza ya Zanzibar ni ipi, wakubwa ndio wanaoshindwa kukubaliana. Mmoja atasema nyekundu. Wa pili atasema buluu, nyeusi na kijani. Wa tatu atasema ni ya Muungano, basi, na biriani itapoa mezani.

Tuanze baharini, maana huko ndiko rangi hizi zilikotokea. Nyekundu ilikuwa ya majahazi ya Ghuba. Katika mkataba wa mwaka 1820 Waingereza waliwataka masheikh waliotia saini waizungushie nyekundu yao pambizo nyeupe, ili manowari ziwatambue. Maskati haikuwamo katika mkataba ule, ikabaki na nyekundu tupu. Seyyid Said bin Sultan alipohamishia makao yake Unguja, kitambaa kikaja naye. Alifariki mwaka 1856, na mwaka 1861 dola ikagawanywa, ndugu huyu Maskati na yule Zanzibar, lakini bendera haikugawanywa. Oman ilibadilisha yake mwaka 1970. Mombasa nako, kwa kuwa Mwambao ulikuwa wa Sultani kwa jina na Waingereza wakimlipa kodi, nyekundu ilipepea Fort Jesus mpaka mwaka 1963.

Kwa nahodha bendera ilikuwa kama hati ya kupita. Majahazi ya Sur yalikuwa yakipandisha ya Kifaransa ili manowari za Kiingereza zisiyapekue kutafuta watumwa, na mzozo ule ukafika The Hague, ambako hukumu ilitolewa mwaka 1905. Tusiusahau upande huo wa hadithi. Chini ya nyekundu hiyo hiyo watu waliuzwa hadharani Unguja mpaka soko lilipofungwa mwaka 1873, na utumwa wenyewe ukaondolewa kisheria mwaka 1897 tu. Anayeiona nyekundu akakumbuka nyumba ya babu yake iliyobaki Mji Mkongwe hasemi uongo. Na anayeiona akakumbuka bibi yake alikuwa mali ya nani naye hasemi uongo.

Agosti 27, 1896, Waingereza walipompiga mizinga Sayyid Khalid bin Barghash, bendera ya kasri ilianguka na mizinga ikanyamaza. Mambo yote hayakufika saa moja. Kisha nyekundu ikapandishwa tena, Sultani mwingine akakalishwa, na ikapepea miaka 67 zaidi huku amri zikitoka kwa Mwingereza.

Sasa tufike kwenye ile ninayoiona mimi kuwa ya ajabu kuliko zote. Desemba 10, 1963, siku ya uhuru, katikati ya nyekundu palitiwa duara la kijani na ndani yake karafuu mbili za rangi ya dhahabu. Nyekundu tupu ilikuwa ya ukoo na ya bahari, wala haikuwa na kitu cha visiwa. Karafuu ni ya visiwa hasa, na Pemba ndiko zilikojaa. Mchumaji wa Wete aliyekuwa hajui kusoma angeitazama akajua inamtaja yeye. Ilidumu siku 33. Januari 12, 1964 Mapinduzi yakaiteremsha pamoja na Sultani Jamshid bin Abdullah, aliyekuja kufariki Maskati Desemba 2024 baada ya miaka mingi ya kuishi Uingereza. Kuandika karafuu kwenye kitambaa ilikuwa rahisi kuliko kumpa mchumaji shamba.

Jamhuri ilianza na bendera ya nyeusi, manjano na buluu, na kabla ya Januari kwisha ikaibadilisha: buluu juu, nyeusi katikati, kijani chini, yaani bahari, watu na ardhi, rangi za chama cha Afro-Shirazi. Muungano wa Aprili 26 ukaimeza. Buluu yetu ikaingia katika bendera ya Tanzania, ikachukua pembe ya chini, upande wa mbali na mlingoti. (Mafundi cherehani wa hapa huishona vizuri ila wanaoitundika huigeuza. Kijani ndicho kinachokaa juu, kwenye mlingoti.)

Miaka 40 Zanzibar haikuwa na bendera yake. Januari 2005, wakati wa Rais Amani Abeid Karume, ile buluu, nyeusi na kijani ilirudi, na kona ya juu kwenye mlingoti ikawekwa bendera ndogo ya Muungano. Visiwa vya Polynesia kama Tuvalu na Niue vimeweka ya Uingereza mahali hapo hapo, na kila mzoefu wa bendera anajua kona ile husomwa kwanza. Kwa maoni yangu ilikuwa suluhu ya watu wazima: aliyetaka nchi yake ameipata, aliyehofia Muungano hakunyimwa kitu. Mambo ya nje ni ya Muungano, kwa hiyo ubalozini huku Ghuba hutaiona. Utaiona Unguja na Pemba, kwenye ofisi za serikali. Karafuu haikurudishwa.