Kijana wa London na Shamba la Mpunga: Safari ya Hadithi Moja Hadi Odisha

Kijana tajiri aliyekulia London anamfuata msichana hadi kijijini kwao. Kaka wa msichana ni mkulima, ndiye aliyemlea dada yake, na hana hamu ya kumkabidhi kwa mtoto wa watu waliokwisha kuwadharau. Hampigi wala hamfukuzi. Anampa shamba. Msimu ukiisha magunia yatahesabiwa, na mgeni akimshinda mwenyeji, ndoa itazungumzwa. Akishindwa, arudi alikotoka na jina la msichana asilitaje tena. Kwa muda wote huo kijana atalala zizini pamoja na ng'ombe.

Hadithi hiyo ilitoka kwa lugha ya Kitelugu tarehe 14 Januari 2005, kwa jina refu la Nuvvostanante Nenoddantana, yaani, ukija kwangu, je, nitakataa? Ilikuwa filamu ya kwanza kuongozwa na Prabhu Deva, yule mcheza dansi ambaye viungo vyake huonekana kama havina mifupa. Mtayarishaji alikuwa M. S. Raju, muziki ukatungwa na Devi Sri Prasad, na waigizaji wakuu walikuwa Siddharth, Trisha na Srihari, huyu wa mwisho akiwa ndiye kaka. Siku yenyewe ilichaguliwa kwa akili. Katikati ya Januari ndipo Watelugu husherehekea Sankranti, sikukuu ya mavuno. Filamu ya magunia ya mpunga ilifunguliwa wakati mpunga wenyewe umeshaingia ghalani.

Ndani ya miaka minane hadithi hiyo ilitengenezwa upya mara tisa. Watamil na Wakannada waliichukua mwaka 2006, Wabengali mwaka 2007. Ikafika Manipur na Punjab, ikavuka mpaka hadi Bangladesh na Nepal, na mwaka 2013 Prabhu Deva mwenyewe akaitengeneza kwa Kihindi kwa jina la Ramaiya Vastavaiya. Katikati ya msafara huo, mwaka 2009, ilitua Odisha, jimbo la pwani ya mashariki ya India, ikaitwa Suna Chadhei Mo Rupa Chadhei: ndege wangu wa dhahabu, ndege wangu wa fedha. Ni filamu hiyo ya Kiodia, na tabia nzima ya kununua hadithi kwa jirani, ndiyo inayonivutia hapa.

Kwetu Afrika Mashariki tumezoea kuzitia filamu zote za India kapu moja na kuziita picha za Kihindi. Waliokaa kwenye majumba ya sinema ya Zanzibar, Mombasa na Dar es Salaam walikuwa na sababu, kwa kuwa nyingi walizoziona zilitoka Bombay. Lakini India ina viwanda vingi vya filamu, kila kimoja na lugha yake, nyota wake na magazeti yake ya udaku. Kitelugu peke yake kina wasemaji zaidi ya milioni 80. Kiodia kina zaidi ya milioni 35, idadi ambayo kwingineko ingekuwa taifa kubwa, ila India inakifanya kionekane kidogo, kimebanwa kati ya majirani wenye sauti kubwa.

Kubanwa huko kuna historia yake. Katika karne ya 19 wasemaji wa Kiodia waligawanywa na Waingereza kati ya serikali tatu za mikoa: pwani ilitawaliwa kutoka Calcutta, kusini kutoka Madras, na Sambalpur ya magharibi ilikuwa chini ya Mikoa ya Kati. Mwaka 1870 mwalimu mmoja wa Kibengali, Kantichandra Bhattacharya, alichapisha kijitabu akidai kwamba Kiodia si lugha inayojitegemea. Waodia hawakukisahau. Walipigania jimbo lao hadi wakalipata tarehe 1 Aprili 1936, jimbo la kwanza la India ya Waingereza kuundwa kwa msingi wa lugha. Mwezi huohuo, tarehe 28, katika mji wa hija wa Puri, ilionyeshwa Sita Bibaha, filamu ya kwanza ya Kiodia, kazi ya Mohan Sundar Deb Goswami. Jimbo na sinema yake vilizaliwa pamoja, wiki nne tu kati yao.

Kisha kikafuata kimya. Filamu ya pili, Lalita, ilitoka mwaka 1949. Kwa miaka 13 watu waliopata jimbo lao hawakupata picha nyingine kwa lugha yao, na hata zilipoanza kutoka, studio na mafundi walikuwa Calcutta au Madras. Mtayarishaji wa Cuttack, mji wa Odisha, alipanda treni na waigizaji wake kwenda kupigia picha ugenini. Kwa hiyo usishangae kwamba sinema ya Kiodia ilijifunza mapema kuangalia jirani anafanya nini. Vifaa vyenyewe vilikuwa kwa jirani.

Haimaanishi kwamba haikuwa na lake la kusema. Nirad Mohapatra alitengeneza Maya Miriga mwaka 1984, kisa cha familia ya mwalimu inayomeguka polepole watoto wanapofanikiwa. Ni filamu tulivu ambayo watu wa nje ya Odisha nao waliithamini, na miaka 40 baadaye imesafishwa ili ionekane tena. Lakini sanaa ya namna hiyo haikulisha kumbi za Cuttack, Bhubaneswar na Berhampur. Kumbi zilitaka nyimbo, mapenzi, ngumi na mama anayelia, na zilivitaka mara mbili kwa mwaka hasa: sikukuu ya Durga Puja, na ile ya Raja katikati ya Juni.

Hiyo Raja inafaa kuelezwa. Waodia husema kwamba kabla ya mvua ardhi huingia katika siku zake kama mwanamke, na kwa siku tatu haiguswi kwa jembe wala plau. Wasichana huvaa nguo mpya na kupanda bembea zilizofungwa mitini, watu hula keki za mchele, na mashamba hupumzika. Mkulima asiye na kazi na msichana aliyevaa vizuri ndio wateja ambao mwenye ukumbi huwaombea. Hivyo sinema yenyewe imefungamana na kalenda ya mpunga, na unaelewa kwa nini hadithi ya kijana anayejaribiwa kwa mpunga haikuhitaji kubadilishwa sana ilipoingia Odisha. Zizi lilikuwepo. Kaka mkali alikuwepo. Hata Kitelugu chenyewe hakikuwa kigeni kusini mwa jimbo, kwa kuwa Berhampur na wilaya za mpakani zilikuwa chini ya Madras hadi 1936 na lugha hizo mbili bado zinasikika soko moja.

Biashara ya kutengeneza upya ni rahisi kuieleza. Mtayarishaji mwenye fedha kidogo ananunua haki za hadithi ambayo tayari imejaza kumbi kwingine. Halipi mwandishi kwa miezi ya kukuna kichwa, na hakisii kama watu watacheka au watalia, kwa sababu wameshacheka na kulia Hyderabad. Mwongozaji anakaa na mkanda wa awali akiangalia kamera iliwekwa wapi. Anayeandika mazungumzo anabadilisha majina, mizaha, vyakula na namna ya kuamkiana. Nyimbo hupewa maneno mapya. Wako wanaouita wizi wa akili. Mimi naona neno hilo ni kali mno pale ambapo haki zimelipiwa. Lakini ni kweli pia kwamba kiwanda kinachoishi kwa njia hiyo hakilei waandishi, na asiyelea waandishi leo atanunua tena kesho.

Wala Watelugu wenyewe hawakuanza na karatasi tupu. Tarehe 29 Desemba 1989 Sooraj Barjatya alitoa kwa Kihindi Maine Pyar Kiya, filamu iliyomfanya Salman Khan awe nyota. Humo pia mtoto wa tajiri anampenda binti wa mtu wa kawaida, wazazi wanatukanana, na baba wa msichana anamtaka kijana athibitishe kwamba anaweza kuishi kwa jasho lake: alete rupia 2,000 mwisho wa mwezi. Salman anapasua mawe na kuendesha lori. Watazamaji wengi waliona mara moja kwamba kijana wa London ni mjukuu wa yule wa machimboni. Filamu ya 2005 ilihamisha jaribio kutoka kwenye fedha hadi kwenye mazao, na nadhani hapo ndipo ilipata nguvu ya kusafiri. Rupia 2,000 zinachakaa kila bei zinapopanda. Gunia la mpunga linaeleweka Punjab, Nepal na Odisha bila maelezo, na wala halihitaji maelezo kwetu, Mbarali au Mwea. Mila nyingi, zikiwemo za kwetu, zimewahi kumtaka mchumba alime shamba la wakwe kabla ya kupewa mke.

Dhaifu ni theluthi ya mwisho ya filamu hiyo ya 2005. Baada ya msimu mzuri wa kulima, kuchelewa kulala na kuona haya, filamu inakumbuka kwamba ni ya kibiashara: msichana anatekwa, damu inamwagika, na kaka anabeba lawama na kwenda jela miaka saba. Waliotengeneza upya wangeweza kupunguza vurugu hizo, lakini ukinunua hadithi iliyoshinda huthubutu kugusa kiungo usichojua kama ndicho kilichoshinda. Ndiyo hofu inayotawala kazi hii yote. Ramaiya Vastavaiya ya 2013, ikiwa na mwongozaji yuleyule na kijana anayetoka Australia badala ya London, haikupokelewa kwa shangwe ya ile ya kwanza. Miaka minane ilikuwa imepita na kila mtu alikuwa ameshaiona kwa lugha moja au nyingine.

Mwaka 2017 Waodia walinunua tena, safari hii kutoka Maharashtra, na hadithi hii ya pili ilikuwa na miiba. Sairat ya Nagraj Manjule ilionyeshwa Berlin mwanzoni mwa 2016, ikaingia kumbi za Maharashtra tarehe 29 Aprili, na ikawa filamu ya kwanza ya Kimarathi kupita mapato ya rupia bilioni moja. Archi ni binti wa mwenye ardhi na mwanasiasa. Anaendesha trekta na pikipiki kubwa, na anapopenda ndiye anayetangulia. Parshya ni mtoto wa mvuvi wa tabaka la chini. Wanatorokea Hyderabad, wanaishi mtaa wa mabanda, wanafanya kazi, wanazaa. Siku moja jamaa wa msichana wanakuja na zawadi kutoka nyumbani. Manjule anaifunga filamu bila muziki wala neno: wazazi wamechinjwa, na mtoto mdogo anatembea akiacha nyayo za damu. Watazamaji wetu wa zamani waliamini kwamba steringi hafi. Hapa anakufa, na mpenzi wake pia.

Toleo la Kiodia liliitwa Laila O Laila. Mwaka huohuo kulitoka la Kikannada, Manasu Mallige, akiigiza Rinku Rajguru yuleyule aliyekuwa Archi katika Sairat, na la Kipunjabi, Channa Mereya. Mwaka 2018 likaja la Kibengali, Noor Jahaan, na Julai ya mwaka huo Dhadak ya Kihindi, iliyotayarishwa na Karan Johar. Hakuna hata moja kati ya hayo lililotikisa kwao kama Sairat ilivyotikisa Maharashtra. Sababu naiona wazi. Mpunga unahama. Tabaka halihami hivyo, kwa sababu katika kila jimbo lina majina mengine, kazi nyingine na kimya kingine. Manjule alikulia Solapur, katika jamii iliyodharauliwa, na alijua mwalimu anakaa wapi anapopigwa kofi na mtoto wa mwenye ardhi. Mtu anayenakili kamera yake hapati ujuzi huo kwenye mkanda. Dhadak iliipeleka hadithi Udaipur, Rajasthan, ikazungumzia tabaka kwa kunong'ona, ikabadilisha hata nani anabaki hai, na wahakiki wakaishambulia kwa hilo hasa. Ukiondoa tabaka kwenye Sairat unabaki na vijana wawili wanaotoroka nyumbani, na sinema ya India ilikuwa na maelfu yao.

Kilichoiumiza zaidi biashara hii hakikuwa wahakiki. Mwaka 2009 mkazi wa Cuttack asiyejua Kitelugu hakuwa na njia rahisi ya kuona filamu ya Prabhu Deva. Alilisubiri toleo la Kiodia. Halafu vituo vya televisheni vya Kihindi vikajaza saa zao kwa filamu za kusini zilizoingizwa sauti ya Kihindi, intaneti ya simu ikawa ya bei nafuu baada ya 2016, na zile zilezile zikawekwa bure kwenye YouTube. Mwaka 2015 Baahubali ilitoka kwa Kitelugu na Kitamil pamoja na sauti ya Kihindi siku moja. Mtazamaji wa Odisha sasa anaijua ya asili kabla mtayarishaji wake hajamaliza kujadili bei ya haki. Toleo jipya la nini?

Jibu mojawapo ni kuandika hadithi yako mwenyewe: Novemba 2022 ilitoka filamu ya Kiodia, Daman, ya Debi Prasad Lenka na Vishal Mourya. Babushaan Mohanty anaigiza daktari kijana aliyepangwa kazi Malkangiri, kusini kabisa mwa jimbo, ambako vijiji vilikatwa na maji ya bwawa, waasi wanatawala misitu, na malaria inaua watu ambao hawajawahi kumwona mganga wa serikali. Jina la filamu ni la mpango halisi wa serikali ya Odisha wa kupambana na malaria katika maeneo yasiyofikika. Haikununuliwa kwa jirani yeyote. Tarehe 3 Februari 2023 iliingizwa sauti ya Kihindi na kupelekwa katika kumbi za nje ya jimbo.